Wifi Aliyechimba Jalala Letu

Wifi yangu simpendi, na mtu asinisomee mawaidha juu ya hilo. Niliolewa na kaka yake, fundi seremala mpole ambaye hata akijigonga nyundo kidoleni huiomba nyundo radhi. Wakati ule hakuna aliyeniambia kwamba pamoja na mume ninapewa na dada mtu.

Kazi yake ni takataka za watu waliokufa. Sitanii. Ameajiriwa kwenye jumba la makumbusho. Wenzake wakichimbua mahali palipokuwa na kijiji zamani, shanga na vyungu vizuri hupelekwa kwenye makabati ya vioo, halafu mifupa ya mbuzi na punje zilizoungua huletwa kwake zimejaa kwenye magunia. Yeye huviosha, huvitenga, huvichungulia kwa kioo cha kukuza, kisha hutangaza watu wale walifuga nini, walipanda nini, na ni lini walishiba na lini walilala njaa. Amesoma mpaka akaitwa daktari. Mtaani kwetu waliposikia kuna daktari wa mifupa, muuza mkaa alijikokota hadi nyumbani na kifundo cha mguu kilichoteguka. Wifi akautazama ule mguu, akamwambia labda angeweza kumsaidia baada ya miaka mia tano hivi. Muuza mkaa hajatusalimia mpaka leo.

Mdomo huo hakuupata chuoni, alizaliwa nao. Mama, yaani mama mkwe wangu, alinisimulia kwamba binti yake alipokuwa mdogo hakuwa akiruhusu sahani ziondolewe mpaka apange mifupa ya watu wote ukingoni, mikubwa huku, midogo kule. Akishamaliza kupanga anatoa hukumu: huyu kala paja, huyu kala shingo, na hapa kuna bawa halionekani. Siku moja bawa hilo akalifuata mpaka chini ya kitanda cha kaka yake. Mume wangu alichapwa kwa kudokoa nyama, na shahidi alikuwa mfupa. Mtu mzima yule, ana mvi, lakini dada yake akiingia chumbani bado huficha mikono.

Mimi na yeye tulikosana kwa sababu ya sufuria. Wenye kazi ile wana desturi yao: ili umtambue mnyama wa zamani kwa kipande cha taya, sharti uwe na mnyama wa leo wa kumlinganishia, mzima, mfupa kwa mfupa. Mnyama huyo hauzwi dukani. Inabidi umwokote, umchemshe mpaka nyama ibanduke, uioshe mifupa na kuianika. Basi wifi alikuja kututembelea nikiwa bado bibi harusi, akaokota paka shume aliyegongwa na gari, na nilipotoka kwenda sokoni akamchemsha jikoni kwangu, katika sufuria kubwa niliyopewa na shangazi yangu siku ya harusi. Nilirudi nikakuta mvuke. Nilipopiga kelele akanishangaa kwa dhati, akasema, "Si nitaiosha, wifi?" Hivyo ndivyo tulivyoanza.

Nitamtendea haki mahali pamoja, halafu basi. Baba mkwe alipofariki, mume wangu alinituma nikamwambie dada yake kwamba Mama anahamia kwetu. Yeye mwenyewe alisema ana kabati la mteja la kumalizia. Nikaenda hadi kazini kwake, nikashushwa ngazi mpaka chumba cha chini chenye taa nyeupe na droo kuanzia sakafuni hadi darini. Kwenye kila droo kumeandikwa jina la mnyama. Uani kulikuwa na pipa la maji. Alikuwa akimwaga humo udongo wa jikoni mwa watu wa kale, punje zilizoungua zikaelea, naye akaziopoa kwa kitambaa chepesi kama mtu anayeengua povu la maziwa. Alipoingia ndani alinionyesha mataya ya mbuzi yaliyopangwa mezani. Akaniambia niangalie magego: haya ya chini hayajasagika, wanyama wamechinjwa wachanga, na mifupa ya nyonga inaonyesha wengi ni majike.

"Mtu hachinji mbuzi jike ambaye hajazaa hata mara moja," alisema, "ila awe ameshikwa hasa. Hawa walijua wanakula kesho yao. Na punje za mbegu zinaisha tabaka hilohilo. Walikula mpaka mbegu, wifi."

Sauti yake ilikuwa ya chini, sijawahi kuisikia tena. Nilisimama pale nikawaonea huruma watu ambao hata kaburi lao silijui, na kwa kitambo kidogo nilimwona wifi yangu kuwa binadamu. Kisha nikampa ujumbe niliotumwa.

"Kwenu?" akasema. "Kwa nini kwenu? Mimi ndiye binti yake."

"Wewe unakaa ghorofa ya nne, ngazi tupu, kutwa hupo. Mama atashinda na nani? Na hayo mataya?"

Akafunga droo kwa kishindo. Akasema anajua wake za watu wanavyowatunza mama wakwe, na kwamba atakuwa na macho. Tangu hapo vita vyetu vikawa na jina, na jina hilo lilikuwa Mama.

Mama alihamia kwetu na begi moja na redio. Sikutarajia kumpenda. Nilijiandaa kutimiza wajibu, kama watu wanavyofanya, lakini mwanamke yule ana ucheshi wa chinichini. Asubuhi tulikaa jikoni tukachambua mchele na kuwachambua watu, na akanifundisha kumjibu mwanawe bila kupandisha sauti. Nilimzoea nikampenda, nalisema wazi. Meno yake yalipoanza kumtoka moja baada ya jingine, nilibadilisha jiko langu zima. Nyama ya kuku na ya mbuzi yenye mifupa niliacha kununua kwa ajili yake, nikawa nachukua steki, naisaga, naipika laini mpaka inameng'enyeka yenyewe. Kwa supu nilinunua shingo, kwato na miguu ya kuku. Mume wangu, ambaye hapitwi na kitu cha kutafuna, alizitafuna hizo shingo hadi mwisho. Sahani ya Mama nilimpelekea chumbani, kwa kuwa aliona haya kula mbele ya watu bila meno. Ilirudi nyeupe kila mara, nami nikafurahi.

Mwaka huu wifi alipata likizo akaja kukaa kwetu. Alishuka kwenye teksi na begi la nguo na sanduku refu la bati. Akamkumbatia Mama mlangoni, nikamwona anasimamisha mkono mgongoni kwa Mama, vidole vinapapasa mbavu kupitia gauni. Mama alikuwa amekonda, kweli. Mimi nilikuwa namwona kila siku, na anayemwona mtu kila siku ndiye wa mwisho kuona. Wifi alinitazama tu, nikajua kwamba kesi imekwisha kufunguliwa.

Asubuhi yake nilipotoka nyuma kumwaga majivu nilimkuta kwenye shimo letu la taka. Amevaa buti. Amefunga kamba nne kwenye vijiti kuzunguka shimo, sawasawa kabisa, na anakwangua ganda la juu kwa mwiko mdogo. Lile sanduku la bati lilikuwa limejaa brashi na chekecheo.

"Unatafuta nini?" nikamuuliza.

"Natazama."

"Kama una njaa, chai iko mezani."

Hakuinua kichwa. Akaniambia nisimwage majivu pale, nitamchanganyia matabaka. Shimo langu mimi! Nikarudi ndani nikamkuta mume wangu anakunywa chai. Nikamwambia dada yako anachimba jalala. Akasema, "Mwache, ndiyo kazi yake," akashika msumeno wake akaondoka. Mwanamume akikimbilia msumeno asubuhi vile, ujue amekuona ukizama na hataki kulowa.

Alichimba, jamani. Siku baada ya siku, jua kali, yuko shimoni. Majirani wakaanza kuwa na shughuli karibu na ua wetu. Muuza mkaa, ambaye hatusalimii, alileta kigoda. Wifi alishuka tabaka kwa tabaka, na kila tabaka alilijua umri kwa tarehe zilizopigwa kwenye paketi za maziwa. Mifupa aliichekecha, akaiosha kwa mswaki, akaianika kwenye shuka langu jeupe juu ya uzio. Nilipolidai shuka langu akaniambia litarudi. Mchana alikula amesimama, jioni alikaa barazani anatenga vipande kwenye mifuko. Nilimpitia nyuma nikasikia anajisemea, "Paja, hakuna. Mkono, hakuna." Mama alikuwa chumbani kwake na redio, ukuta mmoja tu kati yao. Wifi alimwamkia asubuhi na kumtakia usiku mwema, basi. Alikuwa na kazi.

Jumapili akaitisha kikao. Akamwita mpaka Baba Mdogo, mdogo wake marehemu baba mkwe, mzee wa makamo anayependa vikao kuliko chakula. Tukakaa sebuleni: Baba Mdogo kwenye kiti kikubwa, mume wangu ukingoni mwa kochi, Mama karibu na dirisha, na mimi nimesimama mlangoni, maana kiti cha mshtakiwa hakikuwekwa. Wifi akatandaza magazeti mezani akamwaga mifupa yetu.

Sijawahi kuvuliwa nguo mbele za watu, lakini nadhani hisia ni hiyohiyo. Kila tulichokula kilikuwa pale, kimeoshwa kikang'aa. Akaanza kwa utaratibu, kwa sauti ya darasani. Huku ni chini ya shimo, kabla Mama hajahamia. Tazameni, mapaja, mbavu, mikono, mnyama kamili. Hawa ni watu wanaokula vizuri. Huku ni juu, tangu Mama ahamie. Shingo. Kwato. Miguu ya kuku. Vichwa. Shingo tena.

"Nyama nzuri imetoweka humu ndani tangu siku Mama alipovuka kizingiti," akasema. "Haikupungua kidogo kidogo. Imetoweka. Kaka, wewe unatoa hela ya nyama au hutoi?"

"Natoa," mume wangu akasema, akitazama vidole vyake.

"Basi inakwenda wapi? Mama analishwa kwato na shingo, na steki inavuka uzio kwenda kwa watu wengine. Mkeo ana mama yake, si ndiyo? Ana ndugu zake." Kisha akanigeukia. "Mwangalie Mama alivyo. Nimeshika watu wa miaka mia tano wenye nyama kuliko yeye. Nitaondoka naye kesho."

Nilisikia damu ikinipanda hadi masikioni. Neno moja tu lingemaliza mchezo. Ningesema: steki haina mfupa, wewe msomi, haina cha kuacha shimoni. Anajua hilo kuliko mimi, najua analifundisha. Lakini alikuwa amekuja na hukumu kwenye begi, akachimba kuitafutia ushahidi, na mimi nilikuwa na hasira kiasi kwamba nisingempa hata maji ya kunawa. Kuitwa mwizi wa chakula cha mzee, nyumbani kwangu, mbele ya mwanamume niliyemzalia watoto, naye anatazama vidole! Nikamwambia, "Si mifupa ndiyo inayosema? Iulize."

"Imeshasema."

"Basi ipike uile."

Baba Mdogo akapiga meza, kwato ikaruka ikaanguka chini. Akasema tuheshimiane, tusivuane nguo, wazee wako hapa. Akamtaka mume wangu aseme lolote. Mume wangu akasema yeye shingo anazipenda. Hilo ndilo lililotoka kinywani mwake, na kama si Mama kuzima redio wakati ule, sijui ningemfanya nini.

Mama alikuwa nayo mapajani muda wote, imewashwa kwa sauti ndogo. Alipoizima hakutazama mifupa hata kidogo. Alimtazama binti yake.

"Mwanangu," akasema, "hawa wako wa makumbusho, unawachimbia jalala kwa nini?"

Wifi akababaika. "Ili tujue walikula nini, Mama."

"Huwaulizi?"

"Wamekufa, Mama."

"Mimi je?"

Mama akaendelea polepole, hana haraka. "Umekuja umekaa shimoni wiki nzima. Chumba changu mlango wake haufungwi. Umeosha kwato kwa mswaki, umeshika kila kilichopita humu, na hujaja hata mara moja ukakaa kitandani kwangu ukasema, Mama, umekula?"

Wifi alikuwa ameshika mfupa wa shingo. Aliuweka chini. Nilimtazama nikafurahi, siwezi kudanganya. Nilifurahi mpaka nikakunja mikono kifuani. Nikasema, "Mwambie, Mama. Mwambie nyama ulikuwa unaletewa au huletewi."

"Naletewa," Mama akasema. "Laini, ya kusagwa, kila siku. Mkono wa mke wa mwanangu sina cha kuulaumu." Kisha akanigeukia mimi, na macho yalikuwa yaleyale aliyomtazamia binti yake. "Ila haipiti."

"Nini haipiti?"

"Nyama. Tangu mvua zilipoanza haipiti hapa." Akajishika koo. "Sasa hata uji ukiwa mzito hurudi. Nilikuwa nampa mbwa dirishani. Ulivyokuwa unafurahi kuona sahani nyeupe, nikaona haya kukuambia."

Yule mbwa wa jirani. Nilikuwa nimemsema mtaa mzima kwa alivyonenepa, nikidhani anaiba kwa muuza nyama.

Baba Mdogo akasema mficha maradhi kifo humuumbua, kwa nini hakusema. Mama akamjibu kwamba nyumba hii kila mtu anajua anachokula yeye, kwa hiyo hakuona pa kuingilia. Wifi akainuka. Akapita mezani, gauni likakokota gazeti na mifupa ikamwagika sakafuni, hakuitazama. Akapiga magoti mbele ya Mama, akaweka vidole shingoni kwake, taratibu, chini ya taya, akapapasa upande huu na upande ule. Vidole vile vinajua mfupa unaishia wapi na kisicho mfupa kinaanzia wapi. Vilifika mahali vikasimama. Uso wake ukabadilika, nami nikaona, nikakunjua mikono yangu.

"Hapa panauma, Mama?"

"Hapo hapaumi. Hapo ndipo panapokataa."

Wifi akanitazama. Haukuwa uso wa kuomba radhi, asidanganyike mtu. Alisema, "Hukuona kitu hiki? Unakaa naye." Nikamjibu kwamba na yeye ni daktari wa mifupa, mbona aliishia kwenye mbavu. Mume wangu akasema, "Jamani." Tukamwambia anyamaze, mimi na dada yake, kwa pamoja.

Kesho yake wifi hakuondoka na Mama. Tuliondoka naye sote wawili kwenda hospitali, alfajiri, kwa teksi moja, Mama katikati. Njiani wifi aliniambia nimemfunga Mama mtandio kwa kumkaba. Nikamwambia afungue dirisha avute hewa, labda itampunguzia ujuzi. Mama alifumba macho. Kwenye ukumbi wa kusubiri tulikaa kwenye benchi la bati tangu kunakucha mpaka jua likawa kali, mmoja kulia kwake, mmoja kushoto. Mama alipoegemea upande wangu, wifi alinyanyua begi lake akaliweka miguuni kwa Mama asiteleze. Alipoegemea upande wa wifi, mimi nilishika chupa ya maji.

Jina likaitwa. Tukaingia wote watatu, ingawa muuguzi alisema aingie mmoja. Daktari alikuwa kijana, amechoka, hakuinua macho kutoka kwenye karatasi zake. Alituelekezea kalamu sisi wawili tuliosimama, akauliza, "Mgonjwa anakula nini?"

Tulifungua midomo mimi na wifi kwa wakati mmoja. Kisha tukaifunga, tukamgeukia Mama.